Wasanii na historia ya Mji Mkongwe: Nani shahidi, nani mshitakiwa?

Kila msanii anapochonga, anapochora, anapoandika au anapoimba juu ya historia ya Zanzibar, husikika kauli mbili miongoni mwetu Waislamu. Ya kwanza inasema kwamba huyo katumwa kuuchafua Uislamu. Ya pili, ambayo hutoka kwa wanaojiona wapole zaidi, inasema yaliyopita yamepita na hakuna haja ya kufukua makaburi. Kauli zote mbili nimezisikia misikitini, nimezisikia kwenye mabaraza ya kahawa, na nimezisikia hata katika vyumba vya walimu, mahali ambapo ungetarajia watu wapende historia.

Katika makala haya nakusudia kuzipima kauli hizo kwa mizani ya dini yetu wenyewe, si kwa mizani ya watalii wala ya wafadhili. Swali ni hili: mtu anayeikumbusha jamii machungu ya mji wake, je, anaikosea jamii hiyo, au anatekeleza wajibu ambao jamii yenyewe imeukimbia?

Tuanze na kazi inayojulikana kuliko zote. Pale Mkunazini, kwenye uwanja wa Kanisa Kuu la Anglikana, pamechimbwa shimo, na ndani yake wamesimama watu watano waliochongwa, wamefungwa minyororo shingoni. Kazi hiyo ilitengenezwa mwaka 1998 na mchongaji kutoka Sweden aitwaye Clara Sörnäs. Anayefika pale hana budi kuinamisha kichwa ili awaone.

Mahali penyewe si pa kubuni. Hapo ndipo lilipokuwa soko la watumwa. Tarehe 5 Juni 1873 Sultani Barghash bin Said alitia saini mkataba wa kulifunga, kwa shinikizo la Waingereza, na mwaka huohuo ujenzi wa kanisa ukaanza katika kiwanja kile. Biashara ya sokoni ikafungwa, lakini utumwa wenyewe haukuisha siku hiyo. Hadhi ya kisheria ya utumwa Unguja na Pemba ilifutwa mwaka 1897. Yaani kwa zaidi ya miaka 20 baada ya soko kufungwa, kulikuwa bado na watu wanaohesabiwa kuwa ni mali katika mashamba ya karafuu.

Najua msomaji atanikatiza hapa: Ustadh, sanamu za viumbe wenye roho zina hukumu yake. Naam, zina hukumu yake, na wanazuoni wetu walio wengi wameikataza sanamu yenye umbo kamili. Sikuja hapa kuitafutia sanamu ile fatwa. Lakini tuwe waangalifu tusije tukaifanya hukumu ya sanamu kuwa pazia. Mtu akikuletea barua ya tanzia iliyoandikwa kwa hati mbovu, unaweza kumkosoa kwa hati yake, lakini huwezi kusema kwamba kwa sababu hiyo hakuna aliyekufa. Umbo la kazi ile ni suala moja. Habari iliyobebwa na kazi ile ni suala jingine, na hilo la pili ndilo tunalolikwepa.

Mimi nasomesha Maarifa ya Uislamu katika shule ya sekondari. Mwaka mmoja tuliwapeleka wanafunzi wa kidato cha tatu Unguja, na tukapita Mkunazini. Wengi walipiga picha na kucheka, kama vijana walivyo. Msichana mmoja alisimama muda mrefu kwenye ukingo wa shimo, kisha akanigeukia akauliza: "Ustadh, sisi hapa ni wepi? Waliouza au waliouzwa?"

Swali lile lina uzito kuliko vitabu vingi nilivyosomeshwa chuo kikuu. Nitalirudia baada ya kuweka msingi wa hoja yangu.

Shahidi ana masharti

Uislamu umelipa suala la ushahidi uzito mkubwa sana. Katika Suratun-Nisaa (4:135) waumini wanaamrishwa wasimame imara katika uadilifu na wawe mashahidi kwa ajili ya Allah (SW), hata kama ushahidi huo ni dhidi ya nafsi zao wenyewe, au wazazi wao, au jamaa zao wa karibu, awe anayehusika ni tajiri au masikini. Katika Suratul-Baqarah (2:283) tunakatazwa kuficha ushahidi, na tunaambiwa kwamba mwenye kuuficha moyo wake una dhambi. Na katika Suratul-Maaidah (5:8) tunaonywa kwamba kuwachukia watu fulani kusitufanye tukaacha kuwatendea uadilifu.

Kutokana na aya hizo tunapata masharti matatu ya shahidi. Asifiche anachokijua. Asiongeze asichokijua. Na asielemee upande kwa sababu ya mapenzi au chuki.

Hoja yangu ni kwamba msanii anayeushughulikia mji na historia yake amejiweka, apende asipende, katika nafasi ya shahidi. Kwa hiyo tusimuulize kwanza kama ametufurahisha au ametuudhi. Tumuulize kama ametimiza masharti. Na sisi tunaomsikiliza tujiulize hayohayo, kwa sababu nasi ni mashahidi.

Hili si jambo geni Zanzibar. Siti binti Saad alizaliwa Fumba mnamo mwaka 1880 katika familia yenye asili ya utumwa, akahamia mjini, na mwaka 1928 akasafiri hadi Bombay kurekodi sahani za santuri. Tunamkumbuka kwa sauti yake, lakini watu wa Ng'ambo walimpenda pia kwa sababu aliimba kesi zao. Wimbo wake unaoitwa Kijiti unahusu mwanamke aliyeuawa, muuaji akavuka bahari kukimbilia Tanganyika, na adhabu ikawaangukia wanawake waliojitokeza kutoa ushahidi. Unaweza kuwa na maoni yako juu ya taarabu, lakini zingatia jambo hili: mahakama ya mkoloni iliwanyamazisha mashahidi, na wimbo ukaubeba ushahidi wao hadi leo.

Tulichokificha

Sasa tuje kwetu. Katika vitabu vyetu vya kiada na katika mihadhara, tunasema kwa haki kabisa kwamba Uislamu uliukuta utumwa duniani kote na ukafungua milango mingi ya kuacha watu huru: kafara ya kiapo, kafara ya kuua bila kukusudia, fungu maalumu katika zaka, na fadhila kubwa za kumkomboa mtumwa. Hayo ni kweli na tunapaswa kuyasomesha. Lakini mara nyingi tunaishia hapo, kana kwamba maelezo ya sheria yanatosha kuwa maelezo ya yaliyotendeka Mkunazini.

Ipo hadithi qudsi aliyoipokea Imam Bukhari, ambayo ndani yake Allah (SW) anawataja watu watatu ambao Yeye mwenyewe atakuwa mgomvi wao Siku ya Kiyama. Mmoja wao ni yule anayemuuza mtu huru kisha akala thamani yake. Hebu tuitafakari hadithi hiyo tukiwa tumesimama penye shimo lile. Watu walioletwa Unguja kutoka Manyema, kutoka pande za Ziwa Nyasa na kutoka Uyao, walikuwa nani kabla ya kukamatwa? Walikuwa watu huru, katika vijiji vyao, na watoto wao na mashamba yao. Wengi walitekwa katika mashambulizi yaliyofanywa kwa ajili ya kuteka tu, na wengine waliuzwa na machifu wao wenyewe au walitolewa kwa deni na njaa. Kwa kitabu gani cha fiqhi hayo yanahalalika?

Kwa hiyo hatuhitaji mmisionari wala mtalii kutuambia kwamba biashara ile ilikuwa dhulma. Dini yetu imeshaihukumu. Waislamu walioifanya, waliifanya kinyume cha Uislamu, na kuwasema si kuusema Uislamu. Hamed bin Muhammed el-Murjebi, maarufu kwa jina la Tippu Tip, alikuwa Muislamu, alikuwa Mswahili, na alisimulia maisha yake kwa Kiswahili kizuri ambacho wasomi wanakitumia hadi leo. Nyumba yake ipo Shangani. Yote hayo ni kweli, na ni kweli pia kwamba misafara yake ilijenga utajiri juu ya migongo ya watu. Kuitetea dini si kumtetea kila aliyevaa kilemba.

Walichokiongeza

Uadilifu unatudai tuwapime na wengine vilevile. Wapo waliotoa ushahidi juu ya Mji Mkongwe kwa kuongeza, na wapo waliotoa nusu ya ushahidi.

Chukua mfano wa milango. Katika milango mingi ya kale utaona mnyororo umechongwa kwenye miimo. Baadhi ya waongozaji watalii huwaambia wageni kwamba hiyo ni alama ya nyumba ya muuza watumwa. Wengine husema ni alama ya kuilinda nyumba. Mgeni huchukua ile ya kwanza kwa sababu inasisimua, na kuanzia hapo kila nyumba yenye mlango mzuri inakuwa nyumba ya dhulma. Hata vile vyumba vya chini vinavyooneshwa palepale Mkunazini kama mahabusu ya watumwa, vimo ndani ya jengo ambalo lilijengwa na misheni baada ya soko kufungwa. Dhulma iliyotendeka pale ilikuwa kubwa ya kutosha. Haikuhitaji kuongezewa chumvi, na anayeiongezea anawapa nafasi wanaotaka kuikanusha yote.

Halafu kuna nusu ya ushahidi. Hadithi nyingi zinamtaja Mwarabu peke yake. Hazimtaji Mfaransa aliyenunua watu kwa ajili ya mashamba ya miwa ya Mauritius na Réunion. Hazimtaji mwenye mtaji kutoka Bara Hindi aliyekopesha misafara. Hazitaji kwamba pembe za ndovu zilizosafirishwa kupitia Unguja zilikwenda kutengenezwa funguo za piano huko Marekani na mipira ya biliadi huko Ulaya. Msanii anayetaka kuuchora mji ule kwa uadilifu atahitaji ubao mpana kuliko unaotumika mara nyingi.

Na kuna nusu nyingine ambayo sisi wenyewe, tukiwa Bara au Visiwani, tunaigusa kwa kuogopa. Mapinduzi ya tarehe 12 Januari 1964 yaliwaondolea unyonge watu wengi, na katika siku hizohizo watu wengi wakauawa, wengine wakakimbia, na nyumba nyingi za Mji Mkongwe zikataifishwa. Waliouawa walikuwemo Waislamu, na waliouwa walikuwemo Waislamu. Ndugu msomaji, jamii inayomtaka msanii akae kimya juu ya 1873, na ikamtaka akae kimya juu ya 1964, haitaki kulinda heshima. Inataka kulala.

Waliotoka wakakumbuka

Si bure kwamba wawili kati ya mashahidi wanaosikika zaidi duniani juu ya Zanzibar ni watu waliotoka Zanzibar.

Abdulrazak Gurnah alizaliwa Unguja mwaka 1948, akaondoka akiwa kijana baada ya Mapinduzi, na mwaka 2021 akapewa Tuzo ya Nobel ya Fasihi. Riwaya yake ya mwaka 1994, ambayo tangu 2022 tunayo kwa Kiswahili kwa jina la Peponi, inamhusu kijana Yusuf aliyetolewa na baba yake kwa mfanyabiashara ili kufidia deni. Baba ni Muislamu, na mfanyabiashara ni Muislamu anayeheshimika. Mwandishi hamtukani yeyote kati yao. Anatuonesha tu jinsi mtu mwenye adabu na mwenye kuswali anavyoweza kuishi na dhulma ndani ya nyumba yake hadi akaizoea. Ni mafunzo gani ya tarbiya yaliyo makubwa kuliko hayo?

Lubaina Himid naye alizaliwa Zanzibar mwaka 1954, baba yake akiwa mtu wa Ngazija. Baba alifariki yeye akiwa mchanga, na mama yake, ambaye ni Muingereza, akarudi naye kwao. Mwishoni mwa miaka ya 1990 alichora mfululizo wa picha alioupa jina la Zanzibar. Mwaka 2017 alipata Tuzo ya Turner, akiwa mwanamke wa kwanza mweusi kuipata. Lakini kazi yake ninayotaka tuitazame ni ya mwaka 2004, Naming the Money. Ndani yake kuna watu 100 waliokatwa kwa mbao na kupakwa rangi, wakiwakilisha Waafrika waliotumikishwa katika majumba ya wakubwa wa Ulaya. Kila mmoja anaelezewa kwa majina mawili: jina lake la asili, na jina alilobandikwa na waliommiliki.

Nilipoisoma habari ya kazi hiyo nilikumbuka Suratul-Ahzaab (33:5), pale tunapoamrishwa kuwaita watoto wa kulelewa kwa majina ya baba zao, kwa kuwa huo ndio uadilifu mbele ya Allah. Nasaba ya mtu ni haki yake. Sasa hebu tujiulize: wale walioletwa Unguja wakaitwa Mabruki au Feruzi, baba zao waliwaita nani? Nani katika sisi ameshawahi hata kuuliza? Msanii aliyelelewa London ameuliza juu ya watumwa wa Ulaya. Sisi tuliolelewa kwenye Qur'an tulipaswa kuwa tumeuliza zamani juu ya watumwa wa kwetu.

Jibu kwa yule msichana

Hapa ndipo ninapolirudia swali la mwanafunzi wangu. Sisi ni wepi, waliouza au waliouzwa?

Wanaosema kwamba kuutaja utumwa ni kuwashambulia Waislamu, wamefanya kosa moja kubwa la hesabu. Wamewahesabu wauzaji tu kuwa ndio Waislamu. Wamesahau kwamba maelfu ya waliouzwa walisilimu, wakaswali, wakasoma, wakaingia katika twarika, wakawasomesha watoto wao. Nenda Ng'ambo, njoo Bagamoyo, Tanga na Ujiji. Safu zetu za Ijumaa zimejaa wajukuu wa watu waliopita sokoni. Wapo katika sisi walio na damu ya pande zote mbili kwa wakati mmoja, babu upande huu na bibi upande ule.

Kwa hiyo wale watu watano wa Mkunazini si hoja ya Wakristo dhidi ya Waislamu. Huenda ni bibi zetu na babu zetu. Tunaposema "wasitajwe", tunamtetea babu mmoja kwa kumzika mara ya pili babu mwingine. Na katika Uislamu, kama alivyousia Mtume (SAW) katika hotuba yake ya kuaga, hakuna ubora wa Mwarabu juu ya asiye Mwarabu isipokuwa kwa ucha Mungu. Jibu langu kwa yule msichana lilikuwa fupi: sisi ni wote wawili, na kwa sababu hiyo hatuna ruhusa ya kusema uongo kwa ajili ya upande wowote.

Mji wa leo nao unataka mashahidi

Isidhaniwe kwamba kazi ya ushahidi ni ya mambo ya karne zilizopita tu. Mji Mkongwe uliingizwa katika orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO mwaka 2000, na tangu hapo umeendelea kubadilika mbele ya macho yetu. Beit al-Ajaib, iliyojengwa na Sultani Barghash mwaka 1883, ilisalimika na mizinga ya Waingereza ya Agosti 1896. Tarehe 25 Desemba 2020 sehemu yake kubwa ya mbele iliporomoka ikiwa katika ukarabati, baada ya uchakavu wa miaka mingi, na watu wawili wakapoteza maisha. Walioipiga mizinga hawakuiangusha. Iliangushwa na kuchelewa kwetu.

Nyumba ngapi zimekuwa hoteli? Milango ambayo juu yake mafundi walichonga aya na majina ya Allah, ili kila aingiaye amkumbuke Mola wake, leo baadhi yake inafunguliwa kuingia kwenye vinywaji. Mafundi bado wapo na bado wanachonga, lakini wengi wanachongea soko la mgeni. Simlaumu fundi, kwani ana watoto wa kulisha. Nasema tu kwamba jamii isiyonunua kumbukumbu yake, itauziwa kumbukumbu ya wengine.

Tufanye nini? Kwanza, walimu wa shule na madrasa tuisimulie historia hii sisi wenyewe, kwa ukamilifu wake, kabla watoto wetu hawajaisikia nusu yake kwa mwongoza watalii. Pili, wenye hati za waqfu, barua na picha za zamani wazitoe zihifadhiwe, na wazee waulizwe majina kabla hawajaondoka. Tatu, vijana Waislamu wenye vipaji wasijifungie nje. Utenzi, riwaya, hati za khatt, uchongaji wa milango, hata filamu, vyote hivyo ni milango iliyo wazi kwa anayechunga mipaka. Mwaka 2021 tuliona Vuta N'kuvute, riwaya ya Adam Shafi juu ya Unguja ya miaka ya 1950, ikigeuzwa filamu na Amil Shivji. Kama kuna tunachokikosoa katika kazi za wenzetu, ukosoaji ulio bora ni kutoa kazi iliyo kweli zaidi.

Nne, na hili ni la sote, tujizoeze kuusikiliza ushahidi unaotuuma bila ya kukimbilia kumshitaki shahidi.

Katika Suratuz-Zilzala tunafahamishwa kwamba siku hiyo ardhi itatoa habari zake, kwa kuwa Mola wake ameiamrisha. Ardhi ya Mkunazini ni sehemu ya ardhi hiyo, na ya Shangani, na ya Ng'ambo. Itasema yaliyotendeka 1873 na kabla yake, itasema ya 1964, na itasema tuliyoyatenda sisi tuliorithi mji. Haitaogopa kumuudhi mtu. Basi ni heri tuanze kusema sisi, ilhali toba bado ipo na wanafunzi wetu bado wanauliza.

Wallahu a'lam.